Ile Pudini Nyepesi

Jumatano, 3 mwezi wa nane, 1938. Shambani, upande wa Kitale

Nimemkosea Wakonyo. Naandika hiyo kwanza kabla mkono haujarudi nyuma. Leo asubuhi ametolewa kazi ya nyumba kwa kosa ambalo ni langu, na mimi nilikuwa nimesimama palepale na kitambaa cha sahani begani, nikamwacha aende.

Mimi ni Eliakim Wakhungu, mtu wa Kabuchai, mpishi wa Wazungu hawa tangu binti yangu Dinah alikuwa wa kubebwa mgongoni. Nilisoma kidogo kwa misheni, kiasi cha Biblia na barua. Huko tulifundishwa mtu akikosa asimame atubu kwa mdomo mbele ya watu. Mdomo wangu umekataa. Basi ngoja mkono ujaribu.

Ilikuwa hivi. Memsahib, bibi wa Bwana mwenye shamba, aliingia stoo akakuta gunia la sukari limelala chini kama mlevi. Akatuita wawili, mimi na Wakonyo. Wakonyo ni mama wa Kikuyu, bibi ya Ngari anayekamua ng'ombe, na ndiye anamuuguza Bwana. Bwana ana ugonjwa wa sukari. Wakonyo ndiye humfunga kidonda cha mguu, ndiye humbebea sinia, na ndiye alipewa ufunguo wa stoo auvae shingoni, kwa sababu Memsahib alimwamini kuliko sisi wote.

Memsahib akauliza sukari inakwenda wapi. Wakonyo akajibu bila kuogopa, ati yeye humpimia mpishi ya kupika jamu ya mapera, kila wakati mpishi akiomba. Memsahib akatazama rafu. Chupa za jamu zilikuwa chache, hata mtoto angeona.

"Wewe mpishi, jamu nakula sukari yote hii?"

"Jamu imekula kidogo, Memsahib."

"Na ile ingine?"

Nikasema, "Labda," na sikumaliza. Macho yangu yakaenda kwa sinia ya chai ya Bwana, ile Wakonyo alikuwa ameishika mkononi. Sikutaja jina la mtu. Nilitazama tu. Memsahib akafuata macho yangu mpaka pale yalipotua, na uso wake ukawa mweupe kuliko kawaida.

Wakonyo alicheka kwanza, akidhani ni mzaha wa Wazungu. Halafu akasikia Memsahib akisema yeye ndiye anamtilia Bwana sukari kwa chai, na kwamba anataka kumuua. Hapo akageuka akaniangalia mimi, si Memsahib. Akangoja niseme kitu. Nikapangusa sahani iliyokuwa kavu.

Ukweli ni huu. Sukari yote ile nimeitia mimi, kwa pudini ya chokoleti ya Bwana mwenyewe.

Alhamisi, 4

Mvua tangu adhuhuri. Nimeunguza mkate.

Jumapili, 7

Leo nieleze mwanzo wake, maana mtu akisoma hapo juu atadhani nilitaka kumuua yule mzee. Sikutaka. Nampenda.

Pudini ya chokoleti ndiyo iliyonipa jina hapa. Chokoleti ya vipande, siagi, krimu nzito, sukari, viini vya mayai vingi mpaka kuku wachoke, na brandi kidogo. Wazungu walikuwa wanatoka Kitale mjini na gari, barabara yote matope, kuja kula pudini ya Eliakim. Bwana alikuwa ananiita mezani wageni wanione. Mimi na kanzu nyeupe na kofia, nasimama pale kama bwana arusi.

Wakati mvua za kwanza zilianza, Bwana akakonda, akawa anakunywa maji kama ng'ombe aliyetoka safari. Daktari akaja. Memsahib akaja jikoni akaniambia, "Daktari nasema Bwana hapana kula chakula nzito. Wewe fanya pudini nyepesi. Nyepesi, nafahamu?"

Nikasema nimefahamu. Na kweli nilifahamu, lakini kwa njia yangu. Kwetu kitu kizito ni kile kinashusha mkono ukikibeba, na chepesi ni kile upepo unaweza kuchukua. Mimi nikaona, basi, tumbo la mgonjwa limechoka kubeba. Nikatenga ile nyeupe ya mayai, nikaipiga mpaka ikasimama kama povu la maziwa ya kukamuliwa sasa hivi, nikaichanganya na chokoleti pole pole, na sukari yake, na siagi yake, na krimu yake, yote vilevile. Pudini ikapanda juu ya bakuli. Ukiishika kwa kijiko hata huisikii. Nyepesi kabisa.

Bwana alikula akafunga macho. Memsahib akasema ni nyepesi ajabu, akawaambia wale wamama wa kilabu cha Kitale kwamba mpishi wake amegundua pudini ya wagonjwa. Mmoja akaja na kalamu kuandika. Mimi nikamwambia siri ni kupiga mayai. Sikudanganya, wala mimi mwenyewe sikujua.

Wakonyo tu ndiye alinitania. Akasema, "Chokoreti ya Baba Dinah imeota mabawa." Nikamwambia wewe mama umezaliwa bila herufi L. Akajibu, "Na wewe unayo, Baba Dinah, lakini hujui mahali pa kuiweka. Jana umemwambia Memsahib ati mchere uko tayali." Tulicheka mpaka Memsahib akapiga kengele kuuliza kama kuna moto jikoni.

Hivyo ndivyo tulikuwa, mimi na yeye.

Jumatatu, 8

Naendelea pale nilipoacha, maana ubaya wenyewe bado sijauandika.

Mwezi wa sita Memsahib alinipa chupa ndogo ya vidonge, ya kutoka kwa daktari. Vinaitwa sakarini. Akanieleza vizuri siku hiyo, pole pole, mpaka akatumia vidole: sukari ndiyo mbaya, mafuta pia, na kila kitu kitamu cha Bwana kitiwe hivi vidonge. Akasema, "Ile pudini yako nyepesi hapana sukari, hiyo najua. Lakini weka hii, itakuwa tamu kidogo zaidi."

Nilijua hapo hapo nimekuwa nikimlisha nini. Ningesema. Ulikuwa mlango wazi na nilikuwa sijafanya kosa la makusudi. Lakini niliona kofia yangu, na wale wamama wa kilabu, na Bwana akifunga macho. Nikasema, "Ndiyo, Memsahib."

Siku hiyo nilijaribu kwa haki. Nilichukua kakao ya unga mahali pa chokoleti, maziwa yaliyoondolewa krimu, nyeupe ya mayai, na vidonge nikavichemsha pamoja na kakao. Ilitoka chungu kama kwinini. Bwana alitia kijiko kimoja mdomoni akasukuma sahani. Hakukasirika. Alisema tu kwa sauti ya mtu mdogo, "Eliakim, hata hii?"

Memsahib akaja jikoni akasema vidonge vimeharibu, nirudishe ile ya zamani, ile nyepesi.

Nikairudisha. Nilijua na nikairudisha. Na kwa sababu stoo sasa ilikuwa na kufuli, nikaanza kumwambia Wakonyo habari ya jamu ya mapera.

Jumatano, 10

Sasa mimi ndiye nabeba sinia mpaka kwa chumba cha Bwana. Ameuliza Wakonyo yuko wapi. Nikasema ana kazi ingine. Amekula yote.

Jumamosi, 13

Daktari aliingia jikoni.

Hajawahi kuingia. Nilikuwa nimeinama kwa jiko, nikasikia viatu, nikageuka, nikamwona amesimama kwa mlango na Memsahib nyuma yake. Akafunua sufuria. Akanusa chai. Akafungua debe la chumvi akaonja kwa ncha ya kidole. Kando yake, mkono tu ukinyoshwa unafika, palikuwa na debe la semolina, ngano ya chengachenga, na ndani ya semolina nimezika sukari ile iliyobaki ya siku za Wakonyo.

Mtu anaweza kuuliza mbona niliendelea hata baada ya yule mama kufukuzwa. Nimejiuliza pia. Ni woga. Nilifikiri hivi: sukari imefungwa leo, na pudini ikibadilika ladha leo, hata mbuzi atajua sukari ilikuwa wapi. Basi lazima isibadilike. Niliendelea kumpa mzee ugonjwa ili mimi nisionekane.

Daktari akauliza, na Memsahib akanitafsiria, ndani ya pudini ya Bwana kuna nini.

"Mayai," nikasema. "Ile nyeupe."

"Na nini?"

"Kakao, Memsahib. Na maziwa."

Daktari akachukua kijiko akala ile ya jana iliyokuwa imebaki. Akakaa nayo mdomoni. Nilimwona koo yake ikishuka. Nilikuwa tayari kupiga magoti. Halafu akasema kitu kwa Kiingereza, na Memsahib akacheka kidogo, kicheko cha kwanza tangu wiki hii ianze. Akaniambia daktari anasema mgonjwa akila vizuri hivi, hata yeye angekubali kuugua.

Labda daktari alidhani utamu ule ni wa vidonge. Walipotoka nilifunika lile debe la chumvi aliloliacha wazi.

Jumatano, 17

Mvua ya mawe. Mahindi ya Ngari kule chini karibu na mto imechanwa majani lakini imesimama. Nilimwona Wakonyo akipalilia. Nilipita njia ya juu.

Jumamosi, 20

Bwana ameanguka.

Ilikuwa wakati wa chai ya asubuhi. Nilisikia kikombe kikivunjika na Memsahib akipiga kelele. Nikakimbia. Alikuwa chini kando ya kiti, macho yamefunguka nusu na hayaoni, anapumua kwa nguvu kama mtu anapanda kilima, na pumzi yake inanuka matunda yaliyooza. Nikamshika mabega. Huyu mtu alikuwa na mwili wa fahali. Nimemwinua peke yangu kama mtoto.

Nilikaa na kichwa chake kwa magoti yangu mpaka daktari alipokuja na sindano. Memsahib alikuwa anatembea huku na huku akisema, "Nani nampa? Nani nampa yeye?" Hakuwa anauliza mimi. Alikuwa anauliza ukuta. Na ukuta ulijua.

Alipofumbua macho jioni, alinishika kidole, akasema kwa Kiswahili chake, "Wewe mpishi mzuri."

Jumapili, 21

Nimechukua lile debe la semolina nikalimwaga mtoni. Semolina ikapeperuka ikanishika usoni. Wale wanaoteka maji waliniona. Mmoja akauliza kama Wazungu wamechoka na chakula. Nikasema imeingia wadudu.

Kambini kwetu wafanyakazi wanasimulia habari ya mpishi fulani upande wa Eldoret ambaye mwajiri wake alikufa mezani, na askari wakamchukua na aproni bado kiunoni. Hakuna anayejua kama ni kweli. Mimi nimeisikia mara nyingi leo, mpaka nafikiri wananisimulia kwa makusudi.

Kama Bwana akifa, mimi ndiye nimemuua. Si "labda". Ni mimi.

Alhamisi, 25

Nimepika pudini tatu, nimetupa tatu. Chungu. Chungu. Ya tatu chungu na imekatika kama maziwa ya mgando.

Ijumaa, 2 mwezi wa tisa

Nimeipata.

Nilikuwa nawamiminia wageni chai, na mgeni mmoja mwanamke, mnene, anayejinyima, akatoa kidonge chake cha sakarini kwa mkoba akakitia kikombeni baada ya chai kumiminwa. Akakoroga akanywa, wala hakukunja uso. Nikasimama na birika mkononi. Yeye hakichemshi! Mimi nilikuwa nakichemsha na kakao juu ya moto mpaka kinageuka dawa.

Leo nimepika kakao na maji na maziwa yasiyo na krimu, nikaitia jelatini kidogo ya kuigandisha, nikaitoa motoni, nikaiacha ipoe mpaka kidole kivumilie, ndiyo nikaponda vidonge vichache nikatia. Halafu nyeupe ya mayai, iliyopigwa kama kawaida. Na chumvi, punje tu, na ganda la chungwa lililokwaruzwa, kuficha ile harufu ya kidonge inayobaki nyuma ya ulimi.

Nimeonja. Nikaonja tena. Si ile ya siagi, mtu akisema ni ile atakuwa mwongo. Lakini ni tamu, na ni chokoleti, na ni nyepesi kwa maana yangu na kwa maana ya daktari pia.

Bwana amekula yote. Amefunga macho. Memsahib ameuliza, "Hii ni ile ile, ndiyo?" Nikasema ndiyo, ni ile ile.

Nimekaa hapa jikoni na furaha haiji. Maana kumbe iliwezekana. Tangu mwezi wa sita iliwezekana. Ningekosa kwa majaribio kadhaa, Bwana angesukuma sahani kadhaa, na ningeipata. Hakuna mtu angefukuzwa. Nilitaka sifa isikatike hata siku moja, ndiyo maana.

Jumapili, 11

Bwana anatembea na fimbo mpaka veranda. Hanywi maji mengi tena. Daktari amepunguza sindano.

Jumatatu, 19

Mungu amenisaidia, na msaada wake umekuwa kamba.

Memsahib aliniita leo. Uso wake ulikuwa mwema. Akasema, "Unaona, mpishi? Sasa Wakonyo hapana iko hapa, Bwana nakuwa mzima. Ile kuanguka nalikuwa sukari yake ya zamani. Mimi nalijua." Akaendelea kusema alikuwa na mashaka kidogo rohoni, kwa sababu yule mama alimuuguza Bwana vizuri na huenda yeye Memsahib amemwonea. Sasa mashaka imekwisha. Mtu kama huyo hawezi kukaa shambani karibu na mgonjwa. Ngari akatwe kazi, na yeye na bibi yake na watoto waondoke mwisho wa mwezi wa kumi.

Nikasema, "Memsahib, mahindi yao." Sauti ilitoka kama ya panya.

"Mahindi itabaki. Shamba ni ya Bwana."

Nilikuwa naweza kusema. Tulikuwa wawili tu, na hana hasira. Nikafikiri, nikisema sasa, atauliza: na yule daktari alikula nini jikoni kwako? Na Bwana alianguka kwa nini? Nikaona wale askari na aproni.

Nimesema, "Ndiyo, Memsahib." Hayo maneno nimeanza kuyachukia kuliko tusi.

Jumanne, 20

Ngari ameambiwa. Aliendelea kukamua.

Jumapili, 2 mwezi wa kumi

Wakonyo amenikuta kisimani. Safari hii hapakuwa na njia ya juu.

Amekonda. Akaweka debe lake chini, akaniangalia bila hasira, na hiyo ndiyo ilikuwa mbaya. Akasema, "Baba Dinah, mimi nimefikiri sana. Kama ulipeleka ile sukari nyumbani kwa bibi yako, sema tu. Mtu ana watoto. Sukari ni sukari. Nitamwambia Memsahib nilikupa mimi kwa hiari, tugawane hayo makosa, pengine atatuacha tuvune."

Alikuwa tayari kugawana na mimi wizi ambao hata haukuwa wizi. Nikamwambia sikupeleka nyumbani.

"Uliuza?"

"Sikuuza."

"Basi ilienda wapi?"

Nikachukua maji yangu nikaondoka. Nilimsikia nyuma yangu akisema peke yake, kwa Kikuyu, maneno ambayo sikuelewa na sikutaka kuelewa.

Ijumaa, 14

Kidonda cha mguu wa Bwana kimekuwa cheusi kwa vidole. Kilianza zile siku za sukari na hakikusikia habari ya sakarini. Wamempeleka hospitali Eldoret akakatwe vidole viwili. Memsahib ameenda naye. Nimepewa ruhusa niende kwetu mpaka Jumatatu, tarehe 24.

Jumatatu, 17. Kabuchai

Nimefika jana kwa lori ya mahindi mpaka Bungoma, halafu miguu. Huku wameshaanza kuvuna. Nasambu, bibi yangu, amemenya mahindi mabichi ya mwisho, akanichomea. Nikayashika tu mkononi.

Akaniuliza nani amekufa. Nikamwambia hakuna. Akasema basi atakuwa ni mimi nakufa, maana nakaa kama mtu anangoja jeneza lake lipimwe. Na mimi, ambaye mdomo ulikataa mbele ya Memsahib na daktari na kisimani, nikamwambia yote. Yote, kuanzia nyepesi mpaka vidole vya Bwana.

Nilingoja anililie au anitukane. Yeye aliendelea kupukuchua gunzi kwa kidole gumba, punje zikianguka kwa ungo. Akauliza jambo moja tu.

"Mahindi yao imefika wapi?"

Nikasema imekauka karibu yote, wangekata wiki ya kwanza ya mwezi wa kumi na moja.

"Na wanaondoka lini?"

"Mwisho wa mwezi huu."

Halafu akasema, "Kwa hivyo wameilima, wameipalilia, wamefukuza ndege, na wataiacha imesimama. Halafu wewe utapita hapo kila siku ukienda kuchukua maziwa." Akasukuma ungo kando. "Eliakim, wewe unaogopa askari. Mimi naogopa kulala na mtu anayeweza kupita hapo."

Ameenda kulala kwa mama yangu.

Jumatano, 19

Bado yuko kwa mama. Nimetengeneza paa la jikoni. Mvua imekwisha kabisa, mbingu iko juu sana.

Jumamosi, 22

Nasambu amekuja kunipa chai. Aliuliza nikirudi Kitale nitafanya nini. Nikasema sijui bado. Akachukua kikombe kabla sijamaliza.

Jumatatu, 24. Shambani

Nimerudi kwa lori mchana. Sikuenda kwangu. Nilienda moja kwa moja mpaka nyumba ya Ngari na mzigo wangu bado kichwani, maana nilijua nikiutua nitakaa.

Walikuwa wanafunga vitu. Ngari alikuwa anafumua kamba za kitanda. Wakonyo alikuwa amekaa chini anapanga masufuria, kubwa inameza ndogo. Ngari aliniona akasema, "Karibu, mpishi. Umekuja kutuaga au kutuhesabu?"

Nikasema nimekuja kusema. Nikatua mzigo nikabaki nimesimama. Nikamwambia Wakonyo, sukari ilienda kwa pudini. Ile nyepesi. Sukari yote ilikuwa humo, na siagi, na krimu. Memsahib hakujua. Mimi nilijua tangu mwezi wa sita.

Ngari aliacha kamba. Nilifikiri atanipiga, na nilitaka anipige. Lakini alimtazama bibi yake, na mimi nikamtazama.

Wakonyo hakusema juu ya kufukuzwa kwake. Hakusema juu ya mahindi. Alishika sufuria ile ndogo kwa mikono miwili na akasema pole pole, "Ni mimi nilikuwa naibeba."

Akaigeuza ile sufuria mikononi.

"Siku zingine alikuwa hataki kula kitu. Mimi nilikuwa nakaa kwa kitanda nakata kwa kijiko nampelekea mdomoni. Namwambia, kula Bwana, hii ndiyo peke yake daktari amekubali. Kula umalize. Na ikibaki kidogo nakwaruza bakuli nampa." Akaniangalia. "Memsahib alisema mimi ndiye nampa sukari. Kumbe alisema kweli. Umenifanya mkosaji wa kweli kwa uongo wako, Eliakim."

Hajawahi kuniita hivyo. Kwake mimi ni Baba Dinah.

Nikapiga magoti hapo kwa mavumbi. Akasema niinuke, nyumba yake si kanisa. Ngari akauliza, kwa sauti ya chini, kama Memsahib amesikia haya maneno. Nikasema hapana, bado yuko Eldoret na Bwana. Akacheka, kicheko kibaya. "Basi umekuja kujiosha kwetu, na maji tumeshamwaga."

Wakonyo akamnyamazisha kwa mkono. Akaniambia, "Usiniambie mimi tena. Mimi nimejua. Siku utamwambia yeye, nitakuja kusimama chini ya veranda. Nataka kusikia kwa masikio yangu na kuona uso wake akisikia. Usiseme nikiwa sipo."

Jumanne, 25

Naandika haya mchana, mlango wazi, na mtu yeyote akitaka kusoma asome.

Bado naogopa. Nisiseme uongo hapa mwisho. Naogopa askari, naogopa uso wa Bwana kuliko askari, na naogopa kwamba nitasema na Memsahib asiniamini, aseme huyu mpishi amewaonea huruma Wakikuyu. Nimejaribu kuomba ili woga utoke, haujatoka. Basi utakuja na mimi, utasimama kando yangu, sina njia ingine.

Karani wa shamba amepata simu kutoka Eldoret. Memsahib na Bwana watarudi Ijumaa jioni. Daktari atakuja Jumamosi asubuhi kutazama mguu. Jumatatu, tarehe 31, ndiyo siku ya Ngari kuondoka.

Kwa hiyo ni Jumamosi, tarehe 29. Daktari akiwa bado amekaa, kabla hajapanda gari, nitatoka jikoni bila kuitwa. Nitavua kofia. Wakonyo na Ngari watakuwa chini ya veranda, nimeshawaambia. Nitamwambia Memsahib kwa Kiswahili chepesi ambacho hawezi kukosa kuelewa: mimi ndiye nilimpa Bwana sukari, kila siku, kwa pudini, nikijua. Wakonyo hakumtilia hata kijiko kimoja kwa chai. Alimlisha nilichompa abebe. Na nitamwambia daktari kitu gani alikula jikoni kwangu siku ile, ili aweze kumwambia Memsahib kama mtu anaweza kuanguka kwa chakula kama hicho. Halafu nitaomba jambo moja tu, kwamba Ngari na Wakonyo wakae mpaka wavune. Nikifukuzwa, sawa. Nikipelekwa kwa askari, nitaenda.

Hii nimeahidi mbele ya Mungu na kwa jina langu, Eliakim Wakhungu. Jumamosi.